Nyuzi Nne

Nuwagaba, barua yako ya kuacha kazi ilikuwa na mistari miwili
na kosa moja la tahajia.
Ulisema unarudi Ibanda kulima ndizi.
Nikakupa bahasha, na kopo la samli kwa mama yako,
nikasimama langoni hapa Kakoba hadi bodaboda ilipokata kona.

Wiki ya sita, sista wa jikoni kule Nyamitanga alinipigia:
"Mama Kemirembe, mbona mmeshusha bei na kubadilisha vifuniko?"
Sikuwa nimeshusha bei.
Kifuniko changu ni cha buluu tangu siku ya kwanza.

Nikahesabu, kama ahesabuye ndama baada ya usiku wa fisi.
Daftari jeusi lipo, ila mgongo wake umevunjika,
kama kitabu kilichobanwa kwenye mashine ya kutoa nakala.
Mbegu ya mtindi ipo kwenye friji, imepungua kijiko.
Kijiko! Mbegu ni kitu hai; kijiko kinatosha kujaza mji.
Orodha ya wateja hukuhitaji kuiba,
ulikuwa nayo miguuni, miaka saba ya kuwapelekea.

Nikapanda kwa wakili Atukwase, juu ya duka la dawa za mifugo.
Akauliza: alitia sahihi mkataba wa kutunza siri?
Nikasema: alikula kwangu.
Akauliza: chumba cha kuchemshia kilikuwa na kufuli?
Nikasema: ufunguo alikuwa nao yeye, ndiye aliyewahi kufika.
Akaandika kitu kifupi. Kisha, bila kuinua macho:
na wewe, hiyo mbegu uliitoa wapi?
Nikatazama dirishani.
Chini, mtu alikuwa akipakia madumu ya dawa ya kupe.

Sasa nisikilize, maana hili halimo daftarini.
Siku ulipoomba ruhusa ukamzike shangazi,
kipimajoto kilinitoka mkononi kikagonga sakafu.
Hakikuvunjika. Kilianza tu kusema uongo,
uongo ule ule kila siku, mwaminifu kama kodi ya nyumba:
nyuzi nne pungufu.
Maziwa yakifika arobaini na tatu, chenyewe kinasoma thelathini na tisa.
Kununua kipya nikaahirisha, kwanza ada, kisha mvua, kisha nikasahau.
Nikaandika thelathini na tisa kwa mwandiko wangu mzuri,
nikapigia mstari.
Kupima nilipima mimi; wewe ulikoroga, ulibeba.
Sikumtega mtu.

Umenunua kipya, nimesikia, cha Kampala, chenye namba zinazong'aa.
Kinasema kweli. Ndiyo maana mtindi wako haugandi.
Katungi wa Ruti alinionyesha chupa yako,
juu maji ya kijani, chini vijiwe vyeupe,
akaitikisa sikioni kama redio mbovu, akacheka.
Nilidhani nami nitacheka.

Jana saa sita usiku simu iliita, namba ngeni.
Hakuna neno. Tangi likinguruma, mtu akipumua,
na nyuma yake mtoto akikohoa,
yule uliyempa jina langu.
Nikasema haloo, nikasema tena haloo.

Nyuzi nne, Nuwagaba.
Hazitoshi kushona hata kifungo.
Ulimi wangu ulishafika kwenye "aro",
ukasimama hapo, kama ng'ombe aliyeona daraja jipya.
Hukukata. Nami sikukata.
Tulikaa hivyo, salio lako likiliwa,
mpaka likatukatia.

Alfajiri nilitia kufuli jipya, ufunguo nikauvaa shingoni.
Nikawasha moto. Nikatumbukiza kipimajoto kile kile.
Thelathini na tisa, kikasema.
Nikakiamini.